Mume, Mke na Deni: Picha Bubu za Bara Hindi

Katika mji wa Bariadi, makao makuu ya Mkoa wa Simiyu, picha ya Kihindi si mgeni. Mkulima aliyeshinda juani akipalilia pamba, au mchuuzi aliyetoka mnadani kuuza ng'ombe, akiingia jioni katika kibanda umiza na kujipenyeza mpaka akapata pa kukaa kwenye benchi, hukuta humo mambo anayoyajua tangu utotoni: mama anayemlilia mwanawe, mke anayesingiziwa, ndugu wawili waliofarakana kwa ajili ya mali, na mzee mwenye daftari la madeni ambaye kila akitokea watazamaji humzomea hata kabla hajatenda ovu lolote. Na juu ya maneno ya Kihindi, ambayo pengine hakuna hata mmoja mle chumbani anayeyafahamu, husikika sauti ya mfasiri wa Kiswahili, mtu wa kazi ile ambayo nchini kwetu ilitangazwa sana na fundi aliyejulikana kwa jina la Lufufu, akieleza, akiongeza ya kwake, akikejeli na akihukumu, hata ikawa vigumu kusema kama watu wametoa kiingilio chao ili waitazame picha au ili wamsikilize yeye.

Wengi hudhani kuwa desturi hii ilizaliwa na kanda za video. Walakini nasaba yake ni ndefu zaidi. Katika zama za picha bubu, ambazo Bara Hindi zilianza mwaka 1913 na kuisha kabisa karibu na mwaka 1934, picha haikuwa na sauti yoyote. Maneno machache ya lazima yalichapwa katika kadi zilizoonyeshwa baina ya tukio na tukio, aghalabu kwa lugha mbili au tatu kwa pamoja, Kihindi, Kigujarati, Kiurdu au Kiingereza, kwa kuwa nchi ile ina ndimi nyingi. Na kwa kuwa watazamaji wengi hawakuweza kusoma hata moja katika hizo, palisimama kando ya pazia mtu wa kuwasomea na kuwafafanulia, huku kinanda cha mvukuto na tabla vikipigwa gizani. Fundi wa kibanda cha Bariadi ni mrithi wa mtu yule, ajue asijue.

Lakini urithi ulio mkubwa zaidi ni wa hadithi zenyewe. Nadiriki kusema kwamba nyumba nyingi zinazolia katika picha za Kihindi za leo zilijengwa katika miaka ile ishirini ya ububu, na kwamba zilijengwa juu ya msingi mmoja: jamaa hawakuonyeshwa katika utulivu wao, bali katika saa ile ambapo dai fulani limebisha mlangoni. Mara dai ni ahadi ya mume, mara ni karatasi ya mkopeshaji, mara ni mji wenye anasa zake. Na murua wa jamaa hao hupimwa kwa jinsi dai linavyolipwa, na zaidi ya hapo, kwa nani anayelipishwa.

Aliyeweka jiwe la kwanza ni Dhundiraj Govind Phalke, ambaye watu wa kwao humwita Dadasaheb kwa taadhima. Alizaliwa mwaka 1870 Trimbak, karibu na Nashik, akasomea uchoraji Bombay, akawa mpiga picha na baadaye mchapaji. Alipokwisha kuachana na washirika wake wa uchapaji, naye hana masurufu wala kazi ya kutegemea, aliingia katika jumba moja la sinema Bombay ilipokuwa ikionyeshwa picha ya Kizungu ya maisha ya Nabii Isa, na katika giza lile akawa anawaona kwa macho ya moyo Rama na Krishna, mashujaa wa dini yake, wakitembea juu ya pazia lile lile. Alirudi tena kuitazama akiwa na mkewe, Saraswatibai. Baada ya hapo akaweka rehani bima ya maisha yake, akasafiri kwenda London mwaka 1912, akanunua kamera na mashine ya kutoboa matundu ya filamu, akarejea. Fedha ilipopunguka alipanda mbegu ya njegere katika chungu, akaipiga picha kidogo kidogo siku baada ya siku mpaka mmea ukatambaa, kisha akawaonyesha watu wenye mali jinsi mbegu inavyoweza kuwa mmea kwa muda wa dakika chache. Nao wakashawishika kumkopesha. Palipopungua tena, vito vya Saraswatibai vilikwenda kwa mwenye kupokea rehani.

Mwanamke huyu anastahili maneno zaidi kuliko aliyopewa na wanahistoria wengi. Mchana aliwapikia watu wote wa kazi. Jua lilipopungua nguvu alisimama ameshika shuka nyeupe ili kuurudishia mwanga nyusoni mwa wachezaji. Usiku alichanganya dawa za kuoshea filamu na kutoboa matundu pembezoni mwake, kazi ya kuchosha macho, isiyokuwa na jina lake katika tangazo lolote. Katika picha ile ya kwanza, mtoto wao Bhalchandra alicheza nafasi ya mwana wa mfalme. Husimuliwa kwamba siku moja, katika kijiji cha Vangani walikokwenda kupiga picha, mtoto huyo alianguka akaumia kichwa na kuzimia, na baba yake, badala ya kuahirisha, akapiga papo hapo tukio la kifo cha mwana wa mfalme, kwa sababu lilimtaka mtoto alale bila kujitikisa. Habari hiyo husimuliwa kwa kumsifu Phalke kwa ushupavu wake. Mimi naisoma nikimfikiria zaidi Saraswatibai, nikijiuliza alikuwa ameshika shuka upande gani.

Picha hiyo ni *Raja Harishchandra*, na hadithi yake inatoka katika vitabu vya kale vya Wahindu. Mfalme Harishchandra, asiyesema uongo wala kuvunja ahadi, anamkosea mwenye elimu ya siri aitwaye Vishwamitra, naye katika kutaka radhi anaahidi kumpa ufalme wake wote. Ufalme unakwenda, lakini dai halijaisha, kwa kuwa mwenye kudai anataka na hidaya ya fedha juu yake; basi mfalme anamwuza mkewe Taramati pamoja na mtoto wao kuwa watumwa katika nyumba ya watu, na nafsi yake anaiuza awe mlinzi wa mahali pa kuchomea maiti. Mtoto anafariki dunia. Taramati anambeba mpaka mahali pale, hana hata senti ya ada, na mlinzi anayemdai ada hiyo ni mumewe mwenyewe. Baadaye mama huyo anasingiziwa kuua, na anayeamriwa kumkata kichwa ni mumewe yule yule. Upanga unapoinuliwa, mungu anatokea, mtihani unatangazwa kuwa umekwisha, mtoto anafufuka na ufalme unarejeshwa.

Mtu anaweza kuitazama hadithi hii kama sifa ya ukweli, na ndivyo Wahindi wengi walivyoitazama, akiwamo Gandhi, ambaye utotoni mwake aliona mchezo wa Harishchandra jukwaani na hakuusahau maisha yake yote. Ila mtu akiitazama kwa jicho la mwenye nyumba, ataona jambo jingine. Ahadi ilitolewa na mume; bei ikalipwa na mke na mtoto, ambao hawakuulizwa. Taramati hana neno la kupinga, wala hadithi haimtazamii awe nalo, maana subira yake ndiyo inayomfanya awe malkia hata akiwa mtumwa wa jikoni. Katika nyumba nyingi za Usukumani, kama za Uswahilini na za Bara Hindi, mama mwenye subira ya namna hiyo angali akisifiwa mazishini, wala sidhani kwamba watu hukaa wakatafakari ni nani aliyemlazimisha kuwa nayo.

Na ajabu ni kwamba mwanamke huyu, kipimo cha wanawake wote, alichezwa na mwanamume. Phalke alitangaza gazetini kutafuta wachezaji wa kike, akawaendea hata wacheza ngoma wa mitaa ya starehe, nao wakakataa, kwa kuwa kusimama mbele ya kamera kulihesabiwa fedheha kubwa kuliko kazi waliyokuwa wakiifanya. Mwishowe akampata Anna Salunke, mpishi wa hoteli moja ya barabara ya Grant, kijana mwembamba mwenye vidole laini. Wanaume wengine waliotakiwa kuvaa sari walishikilia masharubu yao, maana kwa desturi yao mtu hunyoa sharubu anapofiwa na baba. Ikambidi Phalke abembeleze sana. Mwaka ule ule wa 1913, katika picha yake ya pili, *Mohini Bhasmasur*, walikubali kuonekana wanawake wa kweli, Durgabai Kamat na binti yake Kamlabai. Na miaka michache baadaye binti wa Phalke mwenyewe, Mandakini, akiwa mtoto mdogo, alicheza Krishna katika *Kaliya Mardan* ya mwaka 1919.

*Raja Harishchandra* ilifunguliwa kwa watu wote tarehe 3 Mei 1913 katika jumba la Coronation, Bombay. Ilipopelekwa Surat watazamaji walikuwa haba, kwa sababu mchezo wa jukwaani uliendelea kwa saa nyingi kwa ana mbili tu, yaani sarafu ndogo za Kihindi, ilhali picha ilikwisha upesi na bei yake ni ana tatu. Phalke akaandika tangazo la kuwaambia watu kwamba kwa ana tatu wataona picha 57,000 katika ukanda wa urefu wa maili mbili. Walikuja. Mwuzaji wa mitumba yeyote wa gulioni angempa mkono.

Kwa miaka kumi hivi picha za Bara Hindi zilibaki zaidi katika hadithi za miungu na wafalme. Kisha, mwaka 1925, katika mji wa Kolhapur, Baburao Painter, fundi mchoraji aliyejitengenezea kamera yake mwenyewe, akatoa picha ambayo kwayo dai lilitoka mbinguni likashuka shambani. Jina lake *Savkari Pash*, yaani kitanzi cha mkopeshaji. Ndani yake mkulima, aliyechezwa na V. Shantaram wakati yu kijana asiyejulikana, ananyang'anywa ardhi yake na mtoa riba kwa hila ya karatasi, anaiacha nchi ya baba zake, anakwenda mjini kuwa kibarua wa kiwanda. Hapakuwa na mungu wa kutokea upanga ulipoinuliwa. J. B. H. Wadia, aliyekuwa baadaye mwenye studio kubwa Bombay, alisimulia katika uzee wake kwamba, alipoiona picha hii ilipopigwa upya yenye sauti, kitu kilichomganda akilini ni kibanda kilichopigwa kwa mwanga hafifu, na mbwa akibweka kwa uchungu.

Hapa ndipo ninapoona kwamba picha hizi zingeeleweka Simiyu bila mfasiri. Mkoa huu, uliomegwa kutoka Shinyanga mwaka 2012, ndio unaoongoza kwa kilimo cha pamba nchini, na mwenye kulima pamba hajafundishwa na sinema maana ya deni la msimu. Mbegu na dawa huchukuliwa kabla ya mvua, bei hujulikana baada ya jasho, na baina ya hayo mawili nyumba nzima hufanya kazi: baba analima, mama anapalilia na kupika, watoto wanachuma wakitoka shule. Nyumba inaweza kutenda kila jambo kwa usahihi, na bado mwisho wa hesabu ikasomewa tarakimu ambayo haikuifanya. Wakati ambapo Painter alikuwa akipiga picha yake, na kwa miaka mingi baada yake, pamba ya Usukuma ilinunuliwa na kuchambuliwa zaidi na wafanya biashara wenye asili ya Bara Hindi, na malalamiko makubwa ya wakulima yalikuwa juu ya mizani. Malalamiko hayo ndiyo yaliyowaunganisha wakulima katika vyama, chini ya uongozi wa Paul Bomani, mpaka mwaka 1955 likaundwa Shirikisho la Vyama vya Ushirika la Victoria.

Mtu mwepesi wa kuhukumu angesema basi kwamba mkopeshaji ni Mhindi na mkulima ni Msukuma, na kesi imekwisha. *Savkari Pash* inamkatalia. Aliyenyang'anywa shamba katika picha ile ni Mhindi, aliyemnyang'anya ni Mhindi, na waliolia ukumbini Kolhapur walikuwa Wahindi, wengi wao wakiwa na karatasi kama ile sandukuni mwao. Wala mwenye kiwanda cha nguo Bombay hakujali pamba imelimwa na nani, maana katika miaka ile viwanda vya huko vilinunua pamba nyingi ya Uganda vikaifuma pamoja na ya kwao.

Upande wa pili, mijini, lilikuwa limeanza kubisha dai la namna nyingine. Calcutta, mwaka 1921, Dhirendranath Ganguly alicheza *Bilat Ferat*, kichekesho juu ya kijana aliyerudi Uingereza na mawazo mapya ya mapenzi na ndoa, akiwatia wazee wake tashwishi. Bombay, mwaka 1927, Chandulal Shah alitoa *Gunsundari*, akiwa na mchezaji Gohar. Mke katika picha hii ni wa kupigiwa mfano: anaamka kabla ya wote, anawatumikia wakwe, anaweka hesabu ya nyumba, na jioni, mume anaporudi amechoka na mashaka ya biashara, hana nguvu tena ya kumsikiliza wala kutoka naye. Mume anamkimbilia mcheza ngoma. Mke naye, badala ya kukaa jikoni akingoja mungu ashuke, anabadili mwenendo wake na kujifanya mwenzi wa mumewe nje ya nyumba kama alivyo mtumishi wake ndani. Picha ilipendwa mno, hata Shah akaipiga upya yenye sauti mwaka 1934. Sikubaliani na kila kitu ndani yake, maana bado kosa ni la mume na marekebisho ni ya mke. Lakini kwa mara ya kwanza mtu aliyelipishwa alionyeshwa akifikiri.

Zilikuwapo na picha za kucheka tu. *Jamai Babu*, iliyotolewa Bengal mwaka 1931 na Kalipada Das, inamhusu kijana wa shamba anayekwenda Calcutta kuwatembelea wakwe zake na kupotelea katika jiji lenye motokaa, madaraja na watu wasiojali salamu. Yeyote aliyewahi kupelekwa ukweni akiwa na kanzu ya kuazima, akichunga kila neno asije akavunja staha mbele ya mama mkwe, atamhurumia kijana huyu huku akimcheka. Nayo ni katika picha chache zilizosalia. Bara Hindi ilitengeneza picha bubu zaidi ya 1,300, na zilizobaki, nzima au vipande, hazifiki hata arobaini. Filamu za zamani hizo zilikuwa za dawa yenye kuwaka moto upesi na kuoza kwa joto, na nyingi ziliyeyushwa na wenyewe ili kupata fedha iliyomo. Hifadhi ya taifa ya filamu ilipoanzishwa Pune mwaka 1964, mengi yalikuwa yamekwisha kupotea. Ya *Raja Harishchandra* vimebaki vipande, na wako wajuzi wanaosema kwamba hata hivyo si vya mwaka 1913 bali vya picha ile ile ilivyopigwa upya na Phalke mwaka 1917. *Savkari Pash* ya mwaka 1925 haipo. Painter aliitengeneza tena ikiwa na sauti mwaka 1936.

Kwetu Afrika Mashariki sinema zilitangulia kukaa pwani. Unguja, mwaka 1921, Hassanali Adamjee Jariwalla alifungua jumba la Royal, lililochorwa na J. H. Sinclair, nalo lilikuwa fahari ya mji hata kwa wasiokuwa na kiingilio. Bara mambo yalikuja polepole: reli ilifika Mwanza mwaka 1928, ikipitia Malampaka katika nchi ya Maswa, na pamoja na marobota ya pamba yaliyoteremka kwenda pwani zilipanda bidhaa za maduka ya Wahindi, na baada ya miaka, makasha ya filamu. Walakini wakati watu wa Kanda ya Ziwa walipoanza kuizoea picha ya Kihindi, ilikuwa imekwisha pata sauti. *Alam Ara*, ya kwanza kusema na kuimba, ilitolewa Bombay tarehe 14 Machi 1931. Kwa hiyo walichokiona wazee wetu ni wajukuu wa picha bubu, waliovaa nyimbo.

Mjukuu aliyependwa kuliko wote, pamoja na *Awaara* ya Raj Kapoor, ni *Mother India* ya mwaka 1957. Mwenye kuitengeneza, Mehboob Khan, alianza kazi katika zama za picha bubu akiwa mmoja katika kundi la watu wasio na majina wanaopita nyuma ya wachezaji wakuu, na hadithi yenyewe alikuwa amekwisha kuipiga mara moja mwaka 1940 kwa jina la *Aurat*. Watu waliozijua picha za kale wangeitambua mara moja. Radha, aliyechezwa na Nargis, anaolewa katika nyumba ambayo mama mkwe ameweka ardhi rehani kwa mtoa riba Sukhilala ili kugharimia arusi hiyo hiyo. Hesabu ya deni iko katika daftari ambalo hakuna mwenye nyumba anayeweza kulisoma. Mume anapoteza mikono yake na kutoweka kwa aibu. Mke anajifunga jembe la kukokota mabegani na kulima matope na wanawe. Mpaka hapo ni Taramati katika shamba la *Savkari Pash*, naye ndiye anayelipa.

Lakini mwana mdogo, Birju, anakua na ghadhabu ya daftari lile, anakuwa jambazi, anamwua mtoa riba na kuzichoma karatasi zake, kisha anamteka binti wa mtu huyo siku ya arusi yake. Radha alikuwa amekwisha kuwaahidi watu kwamba mwanawe hatamdhuru binti yule. Anashika bunduki, anamwonya, na anapokataa kusimama anampiga risasi, kisha anampakata akifa mikononi mwake. Wala hapana mungu anayetokea kumfufua mtoto. Alilipa kama walivyolipa wanawake wote wa picha zile tangu mwaka 1913, ila ahadi, mara hii, ilikuwa ya kwake mwenyewe.